Maneno Niliyompa Daktari wa Filamu

Bariadi
20 Juni 1994

Dada yangu Generoza,

Mwangaluka, dada. Nakusalimu salamu ya asubuhi kwa sababu ndiyo saa ninayoandikia. Marcelo ametoka kutafuta dizeli na chumba bado kina harufu ya sabuni yake. Shemeji Bundala hajambo? Felisita je, lile jino la mbele limeota au bado anacheka na dirisha wazi? Mama alipita hapa Alhamisi akitoka Mkula, ameniachia kikapu kizima cha michembe yake ya viazi na maneno mengi kuhusu namna mke anavyotakiwa kupika. Magoti yanamsumbua kidogo. Mengine ni mhola, shwari tu.

Dada, kwa nini hukuniambia kwamba ndoa ni tamu hivi? Hii ni wiki ya saba na bado nikisikia baiskeli yake ikiegeshwa ukutani moyo unaruka kama mwanambuzi. Asubuhi ananiletea maji ya kunawa mwenyewe, mwanaume mzima, na majirani wanachungulia. Juzi nilimwambia, "Watu watasema nimekulisha dawa." Akajibu, "Waulize inauzwa wapi, niongeze." Nilicheka mpaka ugali ukaungua, na akaula hivyo hivyo ulioungua, akisema una ladha ya nyama choma.

Sasa sikia habari. Ile deki na televisheni alivyovileta kutoka Mwanza vimeanza kazi. Siku hizi kila kitu ni ruksa, kila mtu anajaribu lake. Banda liko nyuma ya stendi, madirisha tumeyaziba kwa magunia ya pamba, jenereta linanguruma nje. Tunaonyesha saa nane na saa kumi mchana. Shida ilikuwa kwamba filamu zote ni za Kiingereza, na watu wakaanza kunung'unika kwamba wanatazama midomo tu. Marcelo akasimama akawaambia, "Mke wangu ana fomu foo." Ungeona alivyolitamka hilo neno, "mke wangu", ungedhani anaonyesha nzagamba, fahali wake, mnadani! Basi akanipa kipaza sauti. Nakaa kwenye stuli pembeni ya televisheni, wale wanaongea, mimi naeleza kwa Kiswahili, na nikiona wazee wamezubaa natupia Kisukuma. Wananiita Mkalimani. Wewe unayenijua nilivyokuwa naficha uso kanisani nikiambiwa nisome, ungeamini?

Inayojaza watu ni filamu ya mbwa. Wataalamu wa Ulaya wamejifungia kwenye jengo la vioo, wanamchoma mbwa sindano ili awe mlinzi asiyelala. Dawa inamgeuka. Anavunja kizimba, anatoka, na damu inayomwagika humo sitaki hata kuandika. Msaidizi wa daktari naye anajichoma sindano ile kwa bahati mbaya na anaishia vibaya. Kiingereza chao si kile cha darasani, wanaongea puani na kwa haraka, lakini najitahidi. Njooni mwezi wa saba mkileta pamba. Mtakaa mbele kabisa, viti vya wageni wa heshima.

Mdogo wako mwenye furaha isiyoandikika,
Apolonia


Zagayu
14 Agosti 1994

Apolonia mdogo wangu,

Mwadila, maana kwangu jua limeshapinda. Sisi hatujambo. Tulifika salama siku ile, ila kwenye lori tulikaa juu ya magunia ya chumvi na nimekuwa nikijikuna wiki nzima. Pamba ilichukuliwa na wale wanunuzi wapya. Felisita jino limeota, limekaa upande.

Tunashukuru kwa mapokezi. Mumeo ni mtu mzuri, ingawa anacheka kabla hajamaliza kusema.

Bundala tangu turudi hana hadithi nyingine ila yule mbwa. Aliangalia mara mbili, unakumbuka, saa nane na saa kumi. Hapa kijijini ameisimulia mpaka watu wanakuja na vigoda vyao. Anaigiza na yule msaidizi anavyobweka. Watu wanacheka na wanaogopa kwa pamoja.

Wiki iliyopita bwana mifugo alikuja kuchoma mbwa chanjo ya kichaa. Aliandika tangazo mapema, akakaa pale kwenye josho siku nzima na boksi lake la barafu. Alipata mbwa wanne. Kijiji hiki kina mbwa wangapi, unajua mwenyewe. Mbwa wetu Polisi, Bundala alimficha ndani ya kihenge cha mtama. Nilimwuliza anafanya nini, akasema, "Mke wangu, wewe hukusikia? Ndiyo ile dawa. Wametuletea tuijaribu sisi kwanza. Mdogo wako mwenyewe ndiye aliyeeleza kwenye filamu."

Mimi nilikuwa nimekaa nyuma siku ile, mtoto alikuwa analia, sikusikia vizuri. Ndivyo ilivyosema?

Dada yako,
Generoza


Bariadi
28 Agosti 1994

Dada Generoza mpenzi,

Barua yako ameileta Mboje wa lori, na chumvi yake bado iko kwenye bahasha. Pole kwa kujikuna. Marcelo anakusalimu sana na anasema atajifunza kumaliza kusema kwanza ndipo acheke, lakini hataweza. Nimeshona mapazia ya maua mekundu. Jioni tunakaa mlangoni, yeye ananisomea gazeti na mimi namsahihisha, halafu ananiambia sauti yangu ndiyo inayojaza banda, si filamu. Yaani, dada, naona haya hata kuandika jinsi ninavyompenda.

Nimecheka Polisi kuwekwa kwenye kihenge! Nilimsomea Marcelo, naye akagonga meza. Akasema, "Umeona? Mtu akiogopa sawasawa lazima arudi." Na kweli wanarudi. Jumapili wengine walisimama nje wakasikiliza sauti yangu tu.

Mwambie shemeji asiwe na wasiwasi, zile ni filamu. Umenitumia mbegu za mlenda ulizoahidi? Mboje hakunipa kitu.

Wako,
Apolonia


Zagayu
20 Oktoba 1994

Apolonia,

Salamu. Mvua za kwanza zimenyesha, tumeanza kulima. Mama nasikia magoti yamepata nafuu. Mbegu za mlenda nampa Mboje leo, mwulize.

Jumamosi Polisi aliamka hajielewi. Alikuwa anakula udongo na kutafuna kamba yake. Felisita alikwenda kumpa maji kama kila siku. Alimng'ata mguu, nyuma, chini ya goti, na hakuachia. Bundala alimtoa kwa mikono. Mbwa akakimbilia bondeni, vijana wakamwua huko.

Nimeosha kidonda kwa sabuni na maji mengi kama tulivyofundishwa shuleni. Mganga wa zahanati amesema mtoto apelekwe Bariadi kuchomwa sindano, na asikawie. Bundala amekataa. Anasema mbwa amemng'ata mtoto mguu, lakini ile sindano itamng'ata mtoto kichwa. Anasema msaidizi wa yule daktari alikuwa mzima mpaka alipochomwa. Nimebishana naye, ndugu zake wote wako upande wake, maana wote wamesikia hadithi.

Amesema nikuandikie, kwa sababu wewe ndiye unayeijua. Anauliza jambo moja. Yule mzungu mwenye koti jeupe, alisema dawa ile ni ipi? Jibu mapema. Mboje anarudi Alhamisi.

Generoza


Bariadi
27 Oktoba 1994

Dada yangu,

Nimesoma barua yako nimesimama na nimeketi. Masikini Felisita, mtoto mzuri yule! Nimemkumbatia kwa mbali. Marcelo ameniletea soda ninywe nitulie, akanipepea na gazeti. Mama nitamwandikia leo. Mbegu nimezipata, asante.

Mtoto aletwe, dada. Aletwe haraka. Hospitali hapa wanachoma watu kila siku na hakuna anayebweka. Mwambie shemeji kwamba Apolonia amesema asiogope, na filamu ni filamu tu, ni mambo ya kubuni. Watu wa Ulaya wana mambo yao na sisi tuna yetu. Mtafikia kwetu, nitampikia Felisita wali wa nazi, nazi zinapatikana sokoni siku hizi, zinaletwa kutoka mbali. Chumba cha pili Marcelo amekipaka chokaa mwenyewe, ungeona chokaa ilivyomjaa nywele, alionekana mzee, nikamwambia hivi ndivyo nitakavyompenda hata akizeeka.

Nawasubiri.

Apolonia


Zagayu
3 Novemba 1994

Apolonia,

Nilimsomea Bundala barua yako neno kwa neno. Aliposikia habari ya chokaa aliniambia nirudi juu. Nikarudi juu. Akasema, "Nimemwuliza jambo moja. Hakulijibu. Mtu asiyejibu anajua jibu baya."

Zimepita siku kumi na tisa. Kidonda kimefunga, mtoto anacheza, na hilo ndilo linalowapa nguvu wakwe zangu. Mimi nikimwangalia akinywa maji nahesabu kila funda.

Usiniandikie habari ya mapazia. Niandikie kilichosemwa.

Generoza


Bariadi
7 Novemba 1994

Kwa dada Generoza, na kwa shemeji Bundala. Tafadhali dada, msomee yote, hata nikijiaibisha.

Shemeji, nakusalimu kwa heshima. Mwadila. Najua hutajibu, na ni haki yako.

Yule daktari hakusema chochote kuhusu mbwa wetu. Maneno yale ni yangu.

Ilikuwa wiki ya kwanza. Banda lilijaa, Marcelo alikuwa amesimama mlangoni akiniangalia kama mtu anayeangalia shamba lake lilivyoota. Daktari alishika simu akaanza kuongea, upesi upesi, puani. Sikupata hata neno moja. Watu wakapiga kelele, "Mkalimani, anasemaje? Mkalimani, umelala?" Mmoja akasema, "Fomu foo ya wapi hii?" Watu wakacheka, na Marcelo akaangalia chini. Shemeji, ningeweza kuvumilia kuchekwa mimi. Ila kumwona yeye akiangalia chini sikuweza. Nikasema kitu cha kwanza kilichonijia. Nikasema, "Anasema dawa hii wataipeleka kwanza Afrika, waijaribu kwa mbwa wa kule, wataiita chanjo." Banda zima likanyamaza, jenereta tu ndilo lililosikika. Halafu wakalipuka. Marcelo aliinua uso, akacheka.

Basi nikayarudia onyesho la pili. Kesho yake nikaongeza kwamba mtu naye akichomwa atabweka. Wewe ulipokuja mwezi wa saba nilikuwa nimeongeza na kwamba wataileta kwa boksi la barafu. Nilijua bwana mifugo anabeba boksi la barafu. Nilimwona shuleni nikiwa mdogo. Ndiyo maana nililitia, ili lifanane na kitu watu wanachokijua.

Jana asubuhi, kabla ya watu kuja, niliweka kanda peke yangu. Niliirudisha pale pa simu mara sita, sikio langu limegusa kioo. Anaongea na mke wake. Anamwambia atachelewa, asimsubiri kula. Ni hayo tu.

Dada alipouliza mwezi wa nane ningeweza kusema. Mliponiandikia mwezi uliopita ningeweza kusema. Niliogopa Marcelo asije akajua kwamba mke aliyemsifia mbele za watu alikuwa anabuni. Sasa hivi ninavyoandika hajui bado. Nitamwambia nikishampa Mboje barua hii, nisije nikaishiwa nguvu.

Shemeji, sindano ya hospitali ni kinga dhidi ya kichaa cha mbwa. Mlete mtoto. Nakuomba kwa jina la ndoa yangu, sina kitu kingine ninachokipenda kuliko hicho.

Apolonia


Zagayu
20 Novemba 1994

Apolonia,

Salamu. Pamba tumepanda eka tatu.

Nilimsomea. Akaniambia, "Basi nenda na mtoto." Aliniandalia mwenyewe maji ya njiani.

Tumeshakuja Bariadi mara tatu. Zimebaki sindano mbili. Felisita hakulia ila ya kwanza. Tulifikia kwa mama mmoja wa parokiani. Ndiyo, tulipita mbele ya nyumba yako, mapazia nimeyaona. Hatukuingia.

Kuna jambo lingine, lakini Bundala amenikataza kuliandika kwenye barua. Basi naliacha.

Generoza


Bariadi
11 Desemba 1994

Dada, dada, dada yangu!

Mwangaluka na mwadila kwa pamoja! Mtoto amechomwa! Nilipiga magoti hapo hapo jikoni, nikaangusha sufuria. Kupita bila kuingia kumeniuma, sitakuficha, lakini nastahili. Nimekubali. Mradi Felisita ni mzima, hata ungenipita mara mia.

Nilimwambia Marcelo. Alikaa kitandani akafikiri, halafu akaniuliza, "Kwa hiyo hata yule askari wa filamu nyingine, aliyekuwa akimwomba mkewe msamaha, ulibuni?" Nikasema yule ni kweli. Akasema, "Basi nusu ni kweli, inatosha," akanivuta akanikumbatia. Tumekubaliana sitasema tena yale maneno ya chanjo. Nasema tu kwamba daktari anaongea na simu. Watu wananung'unika kidogo, waliokwisha kuiona wanayasema wenyewe kwa sauti, lakini sasa si mimi.

Na kuna habari nyingine, ndogo sana bado, haijafika hata miezi miwili, nakunong'oneza wewe tu. Akiwa wa kike nitamwita Generoza. Krismasi nawaletea vitenge. Mwambie shemeji Bundala nimemnunulia kofia.

Wako mwenye kububujika,
Apolonia


Bariadi
8 Januari 1995

Dada,

Heri ya mwaka mpya. Mvua imekata barabara na Mboje hajapita tangu kabla ya Krismasi, ndiyo maana vitenge viko hapa bado. Hujaniandikia. Mama naye kimya. Nampa barua hii fundi baiskeli mmoja anayekuja huko kwa miguu. Mpo salama?

Apolonia


Zagayu
22 Januari 1995

Apolonia,

Bundala amefariki. Ni tarehe sita, Ijumaa, mchana.

Nilimwambia mama asikupelekee habari. Nilitaka niandike mwenyewe nikishaweza kushika kalamu.

Siku ile alipomtoa mbwa kwa mtoto, jino lilimkwaruza kidole cha shahada. Kidogo tu, kama mtu aliyejikata na jani la muhindi. Aliniambia, "Usimwandikie shemeji habari ya kidole." Barua yako ilipokuja nikamwambia twende sote watatu. Alisema mtoto aende kwanza, yeye ni mtu mzima, kidole kimeshapona. Nikamwuliza anaogopa? Akacheka. Akasema, "Najua sasa shemeji alibuni. Kichwa kimejua. Lakini nikifumba macho namwona yule jamaa anabweka." Ndivyo alivyosema. Barua yako aliiamini, Apolonia. Ila aliisikia sauti yako miezi minne kabla ya barua, na sauti ilishaingia.

Baada ya Krismasi mkono ukaanza kumwasha. Halafu akakataa maji. Sitakuandikia siku tatu zile. Felisita hakuwapo, nilimpeleka kwa jirani.

Uliandika kwamba umemnunulia kofia.

Nilikuandikia kuna jambo lingine. Hukuuliza.

Sijui kama ni wewe. Nimelifikiria nikilima na nikipika na sijui. Yeye alimficha mbwa, mimi nilinyamaza aliponikataza, wewe ulibuni. Wewe ndiye wa kwanza, lakini hukuwa peke yako. Ndivyo nilivyofikia mpaka sasa.

Ninalolijua ni hili. Bwana mifugo anarudi tarehe ishirini na tatu mwezi ujao. Nimepita nyumba kwa nyumba kusema chanjo haina neno. Wananipa pole ya msiba halafu wanasema, "Mama Felisita, si tuliona? Mtoto kachomwa, baba kafa." Wameiunganisha hivyo sasa. Mbwa wanafichwa tena, na watoto wanacheza nao.

Mimi hawanisikii. Wewe wanakusikia. Njoo useme kwa mdomo ule ule.

Generoza


Bariadi
12 Februari 1995

Dada Generoza,

Nimeanza barua hii mara tano. Kila mara naandika salamu na salamu inanishinda. Pole, dada. Pole peke yake ni neno dogo na sina kubwa zaidi.

Sikuuliza. Ulipoandika kuna jambo lingine, nilisoma mstari ule nikaruka kwenda kwenye furaha yangu. Nimeitoa barua, nimeuangalia. Ni mstari mmoja, umeandikwa wazi.

Nikasema nianzie hapa hapa nilipokosea. Jumapili iliyopita niliomba Marcelo aiweke ile filamu saa nane. Banda lilijaa mpaka mlangoni. Ilipofika pa simu nikasimama, sikukaa kwenye stuli. Nikasema kwenye kipaza sauti, "Huyu daktari hasemi habari ya Afrika. Anamwambia mkewe atachelewa kula. Yale ya chanjo nilibuni mimi kwa sababu sikumwelewa. Shemeji yangu ameyaamini na amekufa."

Dada, walipiga makofi.

Mzee mmoja wa mbele akapiga goti lake, akasema, "Leo Mkalimani kaja na mpya!" Mwingine nyuma akapaza sauti, "Rudia hapo pa shemeji!" Nikasema ni kweli, naapa, nikaanza kulia, na nilivyozidi kulia ndivyo walivyozidi kushangilia. Wengine walilia na mimi, kwa raha, kama wanavyolia filamu za mapenzi. Marcelo alitoka nje akazima jenereta. Kwenye giza lile bado walikuwa wanacheka.

Kwa hiyo kusema hakutatosha. Nimewafundisha watu wasijue ninaposema kweli. Nikija Zagayu nikasimama pale kwenye josho nikasema, watasema Mkalimani ameleta onyesho bila televisheni.

Nitakuja na mbwa. Banda letu lina mlinzi, anaitwa Chui. Hajachanjwa naye, maana ningempelekaje, mimi mwenye maneno yale? Bwana mifugo akifika, mbwa wa kwanza awe wangu. Nitamshika mwenyewe kichwa, achomwe wote wakiona. Halafu sitaondoka. Nitakaa naye hapo kijijini hadharani wiki nzima, au mbili, wamwone akila na kulala, wamwone akinilamba mikono. Asiyetaka kunisikia aje amwangalie. Bwana mifugo wa hapa amenieleza kwamba chanjo inawafaa wale wasiochomwa bado wakati wowote, basi wa huko akikubali kubaki na boksi lake tutakwenda nyumba kwa nyumba, mimi na Chui mbele.

Nilimwambia Marcelo. Alisema watu wakijua, banda litakufa. Nikasema najua. Akasema, "Basi nenda, lakini usilitaje banda." Nikasema nitalitaja, na jina lako nitalitaja, na kwamba nilifanya ili usiangalie chini. Hatukuongea siku mbili. Tangu tuoane hatujawahi kukaa hata saa moja bila kuongea. Leo asubuhi nimemkuta uani anamsukia Chui kamba mpya ya katani. Aliipima shingoni ili isimbane. Sijui kama amenisamehe au ananisindikiza tu. Nampenda, dada, na kwa mara ya kwanza kumpenda kwangu hakunifurahishi.

Sitaki unipokee. Nitafikia kwa katekista kama atakubali mbwa, au nitalala kwenye ghala la chama. Usinipikie. Ukiniona kwenye josho usilazimike kunisalimu. Nitashuka kwenye lori la Mboje Alhamisi hiyo hiyo asubuhi.

Apolonia


Zagayu
17 Februari 1995

Apolonia,

Lori la Alhamisi linachelewa kufika, siku hizi linapakia kwanza kijiji cha pili. Panda la Jumatano.

Katekista ana kuku wengi, mbwa wako atawamaliza. Mbwa afungwe zizini kwangu, nimeshaweka mti. Kila atakayepita kwenda kisimani atamwona.

Ghala la chama lina nyoka, na wewe una mimba. Utalala na Felisita. Nimemwambia unakuja. Ameuliza kama utaogopa mbwa njiani, nikamwambia mbwa ni wa kwako.

Sijui nitakuambia nini ukifika. Huenda nisiseme kitu mpaka uondoke. Usiongee wewe ili kuziba ukimya. Maji ya kuoga yatakuwa jikoni.

Njoo na nguo za shamba. Wiki mbili ni nyingi, na palizi bado eka mbili.

Generoza